Kawa Lililomngojea Mganga

Jamani, mmekaa?
— Tumekaa!
Nianze, au niende zangu?
— Anza, usituache!

Haya. Hapo kale, milima ikiwa bado haijapewa majina, palikuwa na mji uitwao Mbwego. Mfalme wa Mbwego alikuwa na ghala. Si ghala la mahindi, msikimbilie vikapu! Ghala la maajabu. Kulikuwa na kioo kinachokuonyesha ulivyokuwa jana. Kulikuwa na ufunguo wa mlango ambao haujajengwa. Kulikuwa na chungu kinachonukia chakula cha mwaka ujao, na ukikinusa hushibi, njaa inazidi.

Mtunza ghala aliitwa Msellem, mtu mrefu, mkimya, mkali. Kila kitu alikiandika kwenye daftari: jina lake, kilikotoka, kazi yake. Na amri ya mfalme ilikuwa moja: hakitoki kitu ghalani ila kwa kazi ya daftari, kama kujaribiwa ili kiandikwe.

Mfagiaji wa ghala alikuwa Bi Kidawa, mjane mwenye binti mmoja, Nyamvula. Nyamvula alikuwa na mtoto mchanga wa miezi mitatu.

Asubuhi moja Nyamvula alikuwa shambani akichuma maharage. Nyoka kifutu akamgonga kidole cha mguu. Mumewe, Shebughe, akambeba mpaka nyumbani kwa Bi Kidawa. Mganga wa nyoka alikuwa mmoja tu, Bi Mashavu, ng'ambo ya mlima. Kwenda siku nzima, kurudi siku nzima. Je, sumu ingengoja?
— Haingoji!
Haingoji. Shebughe akatoka mbio hivyo hivyo, hata viatu hakuvaa.

Kidawa naye akakimbilia ghalani.

"Bwana Msellem, mwanangu anakufa! Humu mna vitu vinavyoshika wakati. Niazime kimoja."

"Mama Nyamvula, amri unaijua. Haviazimwi."

Kidawa akasihi. Kidawa akalia. Kidawa akapiga magoti. Msellem akatazama chini.

Basi Kidawa akafuta machozi. Kusoma hakujua, lakini miaka yote ya kufagia aliona jambo moja: kuna vitu vitatu ambavyo mahali pa kazi yake daftarini palibaki peupe. Kengele, kitana na kawa la kufunikia chakula. Msafiri aliyevileta alisema tu, "Hivi vinashika wakati," akaenda zake.

"Haya, Bwana," akasema. "Lakini hujasikia? Mfalme anakuja Ijumaa kukagua daftari. Akiuliza kazi ya vile vitatu, utamjibu nini?"

Msellem akamtazama. Akamtazama tena.

"Umesema kweli," akajibu. "Lazima vijaribiwe. Na vijaribiwe penye mgonjwa."

Akachukua kalamu, daftari na vile vitatu, wakaenda mbio.

Wakaanza na kengele. Kleng! Kivuli cha mlango kikaruka, asubuhi ikawa adhuhuri, na uvimbe ukapanda mpaka kwenye kifundo.

"Iache!" Kidawa akapiga kelele. Msellem akaijaza kitambaa, akaandika: *Kengele. Inakimbiza saa.*

Wakachukua kitana. Wakamchana Nyamvula mara moja tu. Maumivu yalibaki pale pale, ila macho yakabadilika. Mtoto alikuwa akilia mkekani.

"Mama, huyu mtoto wa nani? Mrudisheni kwa mamake."

Loo! Mwaka mzima umechanwa kichwani! Kidawa akamchana kinyume, kutoka nchani kwenda shinani. Nyamvula akashtuka, akamvuta mwanawe kifuani, akamkumbatia. Msellem akaandika: *Kitana. Kinachukua mwaka. Kisiguswe.*

Likabaki kawa. Dogo, la miyaa, la kufunika sinia moja. Mtu mzima halimfuniki. Lakini mguu? Kidawa akaufunika mguu, ukingo ukaishia juu ya kifundo. Wakachungulia kwenye matundu ya miyaa. Mle ndani nzi mmoja amesimama hewani, mabawa juu, hashuki wala hapandi.

Uvimbe ukasimama.

"Lisisogee," Msellem akasema. Akakaa chini, akalishika kwa mikono miwili. Kuku wakipita, anawafukuza. Upepo ukija, anainama juu yake. Kidawa alimnywesha uji kama mtoto. Siku ya kwanza ikapita. Siku ya pili ikafika alasiri, na Shebughe akatokea na Bi Mashavu.

Wakaliinua kawa. Nzi akaruka zake. Damu ya kidonda ilikuwa bado mbichi.

"Mbona kidonda ni cha sasa hivi?" Bi Mashavu akauliza. "Mlinitumia mtu kabla hajaumwa?"

Akampaka dawa, akamnywesha dawa, akamfunga dawa. Nyamvula akapona.

Alipoweza kutembea, yeye na mama yake wakambeba mtoto, wakaenda ghalani na kapu la maharage. Kidawa akasema, "Bwana Msellem, ahsante. Lakini nina kosa. Nilikudanganya. Habari ya mfalme kuja Ijumaa niliitunga."

Msellem akacheka. Ghala halijawahi kusikia kicheko chake.

"Mfalme yuko ugenini, harudi mpaka mwezi ujao. Mizigo yake niliifunga mimi."

"Kumbe ulijua!"

"Nilijua. Ulipopiga magoti, nilikuwa naomba Mungu akupe la kusema, maana mimi sikuwa nalo. Ulipolitaja daftari, Mama Nyamvula, nilishukuru kuliko wewe."

Nyamvula akasogea, akamweka mtoto mikononi mwa Msellem. Mtoto akazishika ndevu, akazivuta kwa nguvu zake zote. Yule mtu mkali akampakata hivyo hivyo, akilengwalengwa na machozi.

Mzigo wangu nimeushusha hapo.
— Pole kwa safari!
Nanyi ahsanteni kwa masikio yenu.