Jini wa Muhuri na Kadhi wa Rimba

Alitawala katika mji wa Zaharani Sultani Munadhiri bin Ghalibu, mwenye askari wasiohesabika na majini saba watumwa wa muhuri wake, na katika ufalme huo alikuwapo sonara kijana, jina lake Fadhluni, aliyeshitakiwa kuwa ameiba yakuti ya Bibi Shamsa, mke wa tajiri wa hariri, akatiwa gerezani katika mji mdogo wa Rimba siku tatu kabla ya harusi yake, na akakaa humo miaka mitatu bila kuulizwa hata neno moja.

Mchumba wake, Nargisi mfuma mazulia, alikataa posa nne, na mwaka wa tatu akafunga safari hadi Zaharani, akaingia kwa Kadhi Mkuu, akasema, "Ewe kadhi wa makadhi, sikuja kuomba aachiwe. Nimekuja kuomba asikilizwe."

Kadhi Mkuu akatahayari, akaandika waraka kwa mkono wake: kesi ya Fadhluni isikilizwe ndani ya siku arubaini, na kila mahabusu aliyepitisha mwaka aletwe barazani.

Sheikh Habshani, Kadhi wa Rimba, aliupokea waraka kwa mikono miwili, akaubusu, akauweka kichwani, kisha akautia sandukuni pamoja na nyaraka nyingine za namna hiyo.

"Lini basi, sheikh wangu?" akauliza Nargisi.

"Mwanangu, haraka haraka haina baraka."

"Na ngojangoja huumiza matumbo."

Siku arubaini zikapita bure. Nargisi akarudi Zaharani, na Sultani alipopata habari alighadhibika, akausugua muhuri wake, na moshi wa buluu ukapanda, na jini Tamarudi akainama mbele yake.

"Nenda Rimba," akasema Sultani. "Usimdhuru mtu. Amri itimizwe tu."

Kufumba na kufumbua, jini akasimama barazani kwa Sheikh Habshani, kichwa kikigusa dari, akanguruma, "Mimi nimefungwa na muhuri miaka mia saba, na nikiamriwa natii. Wewe uliapa kutenda haki ukiwa huru! Basi hutainuka juu ya zulia hilo mpaka umsikilize mahabusu wa mwisho."

Kadhi akajaribu kuinuka, na zulia likamng'ang'ania kama ulimbo. Akaletwa Fadhluni, ndevu zimefika kifuani, na akaitwa Bibi Shamsa.

"Bibi, yakuti yako iliibwa?"

"La, bwana kadhi. Niliiona mwaka juzi, imenasa ndani ya bitana ya joho langu. Nikamwambia karani wako, akasema ningoje niitwe. Sikuitwa."

Kesi ya miaka mitatu ilimalizika kabla kahawa ya kadhi haijapoa.

"Huna hatia," akasema Sheikh Habshani kwa aibu. Fadhluni akaketi chini, akacheka na kulia pamoja, na Nargisi akamshika mikono hadi alipotulia.

Kadhi akawasikiliza wengine sitini na wawili kwa muda wa siku tisa, wenye makosa wakahukumiwa na wasio nayo wakarudi kwao, ndipo zulia likamwachia. Na Sultani akatangaza kwa makadhi wote kwamba amri ya baraza kuu si ya kubusiwa bali ya kutendwa, kwa kuwa kila siku inayopotezwa na kadhi hukatwa katika umri wa mtu mwingine.

Fadhluni na Nargisi wakaoana kwa shangwe, na Sultani akamfanya sonara wa kasri, akawapa nyumba yenye bustani. Wiki ile ya kwanza Fadhluni kila akifika mlangoni alisimama akingoja kufunguliwa, na mkewe humwambia kwa upole, "Mlango ni wako, bwana. Fungua."