Kivuko cha Ligoneko

Mjumbe wa Kilombero katika Baraza la Kutunga Sheria alipofariki, waliotaka kiti chake walikuwa wawili: Bwana Kasiani Lyambata, mwenye kinu cha mpunga na kivuko cha mtoni, na Mwalimu Benigno Mkwidu. Wagombea walijiandikisha wenyewe kwa Bwana DC, ng'ambo ya mto, mwisho Jumatatu saa sita mchana.

Jumapili Bwana Kasiani alimwendea Ligoneko, mvushaji.

"Mwalimu asifike kabla ya saa sita. Akifika, kivuko hiki nitampa mtu mwingine."

"Nikimkatalia atatafuta njia nyingine, bwana. Pandeni wote wawili. Nitakikwamisha kwenye mchanga katikati ya mto, kisha wewe utaondoka na mtumbwi wangu."

"Shetani wewe!" Bwana Kasiani alicheka. "Na kisitoke hapo mpaka saa sita ipite!"

Kesho yake saa tano alipanda, akauliza Mwalimu yuko wapi.

"Kalala chini ya turubai lile. Anaona haya kusafiri nawe."

Katikati ya mto kivuko kilikwama. Bwana Kasiani akaliinamia turubai. "Lala salama, Mwalimu! Nitakusalimia kwa Bwana DC." Kisha akamgeukia Ligoneko. "Haya, mtumbwi."

"Uko ng'ambo, bwana."

"Kaupeleka nani?"

"Mwalimu, alfajiri."

Bwana Kasiani akafunua turubai, akakuta magunia mawili ya chumvi. Akatazama maji, akaona mamba.

"Kwamua kivuko, mpumbavu!"

"Nitakikwamua, bwana," alisema Ligoneko, akijilaza juu ya magunia. "Saa sita ikipita."