Msambu Alioukalia Shangazi

Mti usiozaa ndio baba wa matunda. Mmeisikia methali hii leo mkacheka, eti mti usiozaa utakuwaje baba! Haya, chanzo chake ni hiki.

Katika milima ya Usambara, penye msitu wa mvua na ukungu, aliishi Shekalaghe, fundi wa shoka na wa maneno. Mteremkoni kwake, pande mbili za kijito, ilisimama misambu kumi na minne, mirefu, iliyonyooka. Tunda la msambu halichumwi. Huachwa lidondoke lenyewe, likafunikwa majani hadi lioze, kisha mbegu zake zikakamuliwa mafuta. Nyumba nzima ya Shekalaghe iliungia mboga mafuta hayo.

Lakini misambu sita haikuwahi kuangusha hata tunda moja.

"Inakula ardhi bure," alisema, akanoa shoka. "Nitapanda mahindi."

Akaangusha mitano. Alipoufikia wa sita, alimkuta shangazi yake, Nangoma, ameketi shinani anachambua mchicha.

"Shangazi, sogea, mti unaanguka."

"Hili ni dume, mwanangu. Majike yanalitegemea."

Shekalaghe aliangua kicheko. "Miti nayo inaoana? Mahari alipokea nani?"

"Cheka tu. Ila ukitaka kuukata, anza na mimi."

Nani atamwinulia shoka dada wa baba yake? Shekalaghe aliondoka amenuna.

Msimu uliofuata misambu ilichanua, naye akajigamba kijiji kizima. Kisha maua yakapukutika. Ng'ambo ya kijito, alikokuwa amemaliza madume yote, hakuokota kitu. Mkewe alipika mboga ya kuchemsha, watoto wakasukuma sahani. Aliona aibu, tena aibu ya kweli. Matunda aliyapata kwenye misambu mitatu tu, ile iliyouzunguka mti wa Nangoma.

Alilibeba tunda kubwa kuliko yote, akaliweka miguuni pa shangazi yake.

"Nimekosa. Lakini ulijuaje?"

"Wewe ulitazama chini, matunda yanapoangukia. Mimi nilitazama juu, wadudu wanapotoka kwenye maua ya dume kwenda kwenye maua ya majike."

Shekalaghe akaotesha miche mipya, akajua ataisubiri miaka mingi. Siku moja jirani akamwita akamkatie msambu wake tasa. Alikwenda, shoka begani. Akaukagua mti, akalaza shoka chini, kisha akaketi shinani kama alivyoketi Nangoma.

"Vipi, umechoka kabla ya kuanza?" jirani aliuliza.

"Sikati," alisema Shekalaghe. "Mti usiozaa ndio baba wa matunda."