Hodi ya Tatu

Paukwa. Nimesikia wawili tu wakisema pakawa; watanitosha.

Mize aliishi kwa mama mkwe wake, Bi Mboja, na aliitamani nyumba ile. Siku moja maji yalipokupwa, aliokota kome ufukweni, gamba la konokono wa baharini, akamkuta kaa amejibanza ndani.

"Usinichomoe," kaa akamwambia. "Nitakufundisha sisi tunavyopata nyumba. Gonga, upige hodi tatu. Mwenyewe akiitikia karibu ya tatu, yeye atatoka na wewe utaingia."

Mize akarudi, akagonga. Hodi. Karibu. Hodi. Karibu. Hodi.

"Karibu, mwanangu, mbona huingii?" akasema Bi Mboja, na papo hapo miguu yake ikamtoa nje. Mlango haukumkubali tena. Akahamia mwambani, akawa anakula anachookota.

Mize hakuifaidi nyumba. Hodi, ikasikika mlangoni. Karibu. Hodi. Karibu. Ya tatu aliitambua sauti, lakini ulimi uliofunzwa adabu haungoji akili.

"Karibu."

Akaingia kaa, mkubwa kama mtu. "Mimi hukua," akasema, "kome halikui."

Miguu ikamtoa Mize nje, akasinyaa akawa mdogo kama kaa, tumbo likabaki laini na uchi. Akajikokota hadi ufukweni, akajificha ndani ya kome aliloliacha kaa.

Bi Mboja akaliokota, akalitia chunguni.

"Hodi, mama," kome likagonga. "Hodi."

Bi Mboja alikwisha kujifunza. Akafunika chungu, akachochea moto kabla ya hodi ya tatu.

Hadithi yangu imeishia chunguni. Mwenye njaa na afunue.