Sauti ya Oreste Tamburri

Mtu anayeitupa asili yake ili wageni wampende hudhani ameukata, kumbe ameuza uhuru wake; na siku atakapoutaka tena, hatamwona wa kumrudishia. Yaliyomfika Oreste Tamburri ni ushahidi tosha.

Oreste alizaliwa katika milima ya Abruzzo, mwana wa mchunga kondoo. Alipoingia Roma kuigiza filamu, alikuwa na uso uliochongeka kama jabali na sauti ya kwao, nzito, yenye kukwaruza. Uso waliupenda. "Lakini sauti hiyo inanuka jibini, bwana wee!" mwongozaji wake wa kwanza alimcheka. Siku hizo picha zilipigwa kwanza, sauti zikatiwa baadaye. Basi maneno yote ya Oreste akapewa Galeazzo Ronchi, mtia sauti mwenye koo laini kama hariri. Kwa miaka arubaini Oreste akawa hakimu, mwizi, padri, na mara nyingi maiti, pasipo mtazamaji hata mmoja kuisikia sauti yake.

Hadi hapo hakuwa na hatia. Hatia ilianzia mgahawani, wateja walipomsikia akiagiza kahawa wakaangua kicheko: "Ah! Ndiye huyu? Si yule wa sinema, bwana!" Aibu ikamkaba. Akawa anajifungia mbele ya kioo akiiga sauti ya Galeazzo, neno kwa neno, hadi ikamganda ulimini kama ulimbo. Mamaye alipofariki, aliomba dua kaburini kwa sauti hiyo. Dada yake Domitilla, kipofu tangu utotoni, akauliza, "Huyu mgeni ni nani?" Oreste akajitia hamnazo.

Uzeeni, Galeazzo akafa. Punde si punde mwongozaji Loredana Vischi akampa Oreste kile alichokililia maisha yake yote: kuwa mhusika mkuu, mchunga kondoo mzee.

"Nataka sauti yako mwenyewe, Mzee Oreste, ile ya milimani. Bila hiyo, sina kazi nawe."

Oreste akasogea kwenye kipaza sauti. Alipotamka neno la kwanza, mrekodi sauti alivua visikizio akafanya ishara ya msalaba.

"Mzee, Galeazzo tumemzika Jumanne. Acha mzaha wako."

"Sifanyi mzaha," alijibu Oreste. Hata jibu hilo lilikuwa la Galeazzo, pamoja na kikohozi chake kidogo ambacho Oreste hakuwahi kukiiga.

Loredana akampa nafasi ya mwisho: aende kwao akaitafute sauti yake. Akapanda milimani. Ingawa ilikuwa adhuhuri, ukungu ulikuwa umeyafunika mapaa yote. Akabisha kwa Domitilla.

"Dada, fungua. Ni mimi, Oreste."

"Oreste gani anayeongea kama wakili wa Roma? Hebu toka hapo!"

"Domitilla, baridi inaniua."

"Kama kweli we ni kaka yangu, waite kondoo kama baba alivyowaita. Haya, ita!"

Oreste akavuta pumzi. Mwito aliukumbuka, alikumbuka hata namna taya la baba lilivyotikisika. Lakini kilichomtoka kilikuwa safi, kitamu, cha mjini. Kondoo waliokuwa wakilia zizini wakanyamaza ghafla. Mbwa akarudi nyuma, mkia miguuni.

Ndani, komeo la mlango likakazwa. Kisha Domitilla akasema kwa upole uliomchoma kuliko tusi, "Nenda zako, bwana. Na ukimwona kaka yangu, mwambie nyumba bado ni yake."

Oreste akafumba mdomo, machozi yakimtiririka. Ndipo ile sauti laini ikasema, karibu kabisa na sikio lake, "Twende, Oreste. Roma wanatungoja."

Midomo yake haikuwa imetikisika. Akageuka, akainamisha kichwa, akaifuata sauti ile ukunguni bila kuuliza neno. Hakika, mwacha asili ni mtumwa.