Ndimu Iliyotulia Darini

Ndugu zangu, asubuhi hii naomba mpande nami ngazi hadi darini kwa mwanamke mmoja wa milimani, kule ambako nyumba bado zinajengwa kwa mbao. Alikuwa na mdogo wake wa kike, na hawakusemeshana miaka sita. Siku ya msiba wa mama yao, huyu mkubwa alisimama mbele ya waombolezaji akasema mdogo wake hakumuuguza mama. Ulikuwa uongo. Mdogo ndiye aliyemwogesha mama miezi tisa, wakati mkubwa hata salamu haleti.

Sasa mdogo akatuma ujumbe: nakuja kukaa kwako wiki moja. Mkubwa alifurahi sana. Akaamua kwamba chumba cha darini kitakuwa cha mgeni, na sakafu yake itawekwa mbao mpya. Akamwita fundi seremala.

Fundi akapanda, akatoa ndimu mfukoni, akaiweka katikati ya sakafu. Ndimu ikaviringika yenyewe hadi kwenye kona ya dirisha.

"Mama, hapa pana bonde," akasema. "Lakini nikipigilia mbao mpya juu yake, mgeni hataliona."

"Hataliona kwa macho, atalijua kwa miguu. Ng'oa zote."

"Zote? Mgeni si anakuja Ijumaa?"

"Ng'oa, fundi. Siwezi kuficha bonde chini ya mbao mpya halafu nimwambie mdogo wangu karibu."

Mnamsikia? Mimi mwanamke huyu nampenda. Siku nne alishika pima maji kwa mkono wake mwenyewe. Boriti iliyoinuka ikapigwa randa, iliyozama ikainuliwa kwa vipande vya mbao. Mara mbili fundi alisema imetosha, mara mbili akaambiwa arudie. Vumbi la mbao lilimjaa mama wa watu mpaka kwenye nyusi. Alhamisi jioni ndimu ikawekwa tena katikati ya mbao mpya, ikatulia.

Ijumaa mdogo akafika na begi lake. Akapandishwa darini, akaelezwa habari ya boriti na ya ndimu. Akavua viatu, akatembea huku na huku.

"Dada, kazi umeifanya," akasema. "Na yale uliyoyasema msibani?"

Mkubwa akacheka kidogo. "Mdogo wangu, hayo si yamepita? Tuanze upya. Tazama sakafu."

Mdogo akavaa viatu, akachukua begi. "Mbao za zamani ulizing'oa, dada. Haya yetu unataka tuyapigilie mbao juu." Akashuka ngazi.

Tusimcheke. Ni wangapi humu tumesema "yamepita" kwa mtu ambaye kwake hayajapita? Kanisa tumelipaka rangi, kwaya ina sare mpya, na bado wapo wanaoingia kwa mlango wa nyuma ili wasikutane na fulani. Mimi mchungaji wenu nina mmoja, ameketi benchi la nne, na anajua nilimkosea nini.

Yule mdogo bado yuko njiani kuelekea stendi, na begi lake ni zito. Dada yake akitoka sasa atamkuta. Maneno ya kumwambia ni machache: nilisema uongo, nisamehe.

Baraka ya mwisho sitaitoa bado. Nashuka hapa madhabahuni naenda benchi la nne. Na wewe mwenye wako, inuka.