Uwanja wa Atuganile

Nyumba ya Atuganile ilitangaziwa mnada mara tatu kwa deni ambalo yeye hakulikopa. Hapo ndipo ulipotoka msemo mnaoniuliza, huu wa kwamba uwanja uliofagiwa una mwenyewe. Mnautumia kutaniana tu, mtu akikalia kiti cha mwenzake. Kaeni basi, niwaambie ulikotoka.

Mumewe, Ambakisye, alikopa kwenye kampuni ya mikopo anunue lori la kubebea ndizi. Akaweka nyumba dhamana. Sheria inataka mke akubali kwanza, naye alijua mkewe atakataa, kwa hiyo akaandika kwamba hana mke, aliondoka zamani. Uongo mtupu. Lori likapinduka, likamuua. Kampuni ikaja kudai nyumba.

Mnajua huku kwetu Rungwe mvua hainyamazi na migomba haiachi kudondosha majani. Mwanamke akiamka, kabla hajawasha moto, anafagia. Uwanja ukikaa siku mbili na majani, majirani wanakuja kuuliza nani anaumwa.

Asubuhi ya mnada wa kwanza dalali wa mahakama, Mwasomola, alifika na kipaza sauti na wanunuzi wake. Wakamkuta Atuganile ameinama na ufagio.

"Mama, acha kwanza, watu wanaangalia nyumba."

"Waangalie. Ila wapite pembeni, hapo nimeshafagia."

Jirani mmoja akapaza sauti kutoka barabarani, "Atuganile, unamsafishia mnunuzi?"

"Namsafishia mwenye nyumba."

"Yuko wapi?"

"Huyu hapa, kashika ufagio!"

Watu wakacheka. Wanunuzi wawili wakaondoka. Kabla bei haijatajwa, mwanawe Tusekile akafika mbio na amri ya mahakama ya kuzuia mnada.

Msidhani iliishia hapo. Kesi ile ilitupwa, kwa sababu alimshtaki dalali akaiacha kampuni. Mnada wa pili ukatangazwa, akafungua kesi nyingine, akapata zuio tena. Safari hii wakili wake hakutokea siku ya kusikilizwa, kesi ikatupwa. Mnada wa tatu haukuzuilika. Nyumba ikanunuliwa na mfanyabiashara wa mjini. Sisi wanaume wa pale tulimwambia aache, arudi kwao. Mimi mwenyewe nilimwambia.

Akanijibu, "Shemeji, wewe ukinyang'anywa shati, unarudi kwa mama yako kifua wazi?"

Akapanda gari kwenda Mbeya, Mahakama Kuu, nayo ikazuia asihamishwe hadi kesi iishe. Na kila alipokuwa hasafiri, uwanja ulifagiwa. Alipokuwa safarini alifagia Tusekile.

Kampuni ikashikilia neno moja: mkopo ulipotolewa, nyumba ilikuwa tupu, huyu mama alirudi baada ya msiba ili aizuie. Wapi angepata shahidi? Majirani tulisema, wakili wa kampuni akasema tunambeba mwenzetu. Mwishowe jaji akaamua aje aione nyumba kwa macho yake.

Tulijaa pale kama kwenye harusi. Jaji akamsimamisha ofisa wa kampuni aliyekuja kukagua nyumba kabla ya mkopo, kijana wa kutoka mbali, nadhifu sana.

"Ulimkuta nani?"

"Hakuna mtu, mheshimiwa. Nyumba ilikuwa tupu."

Siku ile aliyokuja kukagua ilikuwa ya gulio. Atuganile alikuwa sokoni na ndizi zake.

"Na mazingira yalikuwaje?"

Kijana akadhani anaulizwa thamani ya nyumba. Akajinyoosha. "Mazuri sana, mheshimiwa. Uwanja safi, hata jani moja hukuti. Ndiyo maana niliipa bei nzuri."

Mwanamke mmoja akaguna. Mwingine akacheka, kisha tukacheka wote, hadi Mwasomola dalali. Kijana akageuka huku na huku, hajui alichokosea. Wakati ule ule jani la mgomba likadondoka nyuma yake. Jaji akalitazama.

"Uwanja wa nyumba tupu," akauliza, "ulifagiwa na nani?"

Kijana akamgeukia wakili wa kampuni. Huyo akaanza kupekua karatasi.  Atuganile akaenda, akaliokota lile jani, akalitupa shinani mwa mgomba.

Mauzo yakafutwa. Nyumba ikarudi kwake. Tangu siku ile, mtu akitaka kutwaa kitu kwa kisingizio kwamba hakina mtu, tunamwambia: uwanja uliofagiwa una mwenyewe.

Nyie vijana mnausema kana kwamba kufagia kulitosha. Sijaona mtu mwenye moyo kama wa mama yule, lakini sikilizeni alicholipa. Miaka sita. Ng'ombe watatu, wote aliokuwa nao. Shamba la chai lililotoka kwa baba yake. Mabati ya jiko, akawa anapika chini ya turubai. Na Tusekile, aliyeacha shule kidato cha pili akafanye kazi za ndani, nauli ya mahakamani ipatikane. Nyumba ilirudi. Shuleni Tusekile hakurudi.